Hodi ya Jangian

Mara ya kwanza Sabzal kuisikia alikuwa matangani, amekaa mkekani nje ya nyumba ya marehemu mdogo wake, gilasi ya chai mkononi. Wanaume wa kijiji cha Dashtuk walikuwa wamejipanga safu mbili wakitazamana, na kila aliyeingia alinyanyua mikono, akasoma Fatiha, akauliza hali ya mifugo na hali ya maji, akapewa chai. Mzee mmoja alikuwa analalamika habari za mbuzi wake. Ndipo ikaja kutoka chini ya mkeka, pale pale chini ya goti la Sabzal: ngo-ngo, kimya kidogo, kisha ngo.

Sabzal akaiweka gilasi. Akaupiga udongo kwa konzi: ngo-ngo, kimya, ngo. Hakufikiri hata kidogo. Mkono ulikwenda wenyewe, kama unavyokwenda kufukuza nzi.

Shambe, mvuta kamba wao kisimani, aliyekuwa ameketi naye bega kwa bega, akamwinamia. "Nge?"

"Nge," Sabzal akasema.

"Umemuua?"

"Amekimbia."

"Amekimbilia wapi?" Shambe akauliza, na papo hapo akaanza kuukunja mguu wake. "Fundi, we mtu gani? Nge anakimbia, wewe unaendelea na chai?"

Watu wawili watatu walicheka chini chini, kisha wakakumbuka wako wapi, wakanyamaza. Sabzal naye alitabasamu. Lakini ndani ya nguo kijasho chembamba kilikuwa kinamtoka, kwa sababu hodi ile ilikuwa ya Jangian, na Jangian ndiye waliyetoka kumzika.

Nisikilize vizuri hapa, maana asiyejua kazi ya kahn atamwona Sabzal ni mwehu tangu mwanzo, na hakuwa mwehu. Kahn ni mfereji unaopita chini kwa chini kutoka mlimani hadi kwenye mitende, na juu yake kuna visima vilivyopangana kimoja baada ya kingine, ambavyo mafundi hushukia. Kule chini hawaitani kwa midomo. Sauti ya mtu ndani ya mfereji inazunguka, inarudi, inakudanganya iko upande gani. Lakini pigo la sururu ukutani linapita ndani ya udongo moja kwa moja, na fundi anayechimba kutoka kisima hiki humfuata mwenzake anayechimba kutoka kisima kile kwa pigo hilo tu, mpaka wakutane. Kila fundi ana hodi yake. Baba humwachia mwanawe, pamoja na sururu. Na ukigongewa, unajibu. Humalizi kwanza ulichoshika, humezi kwanza tonge, unajibu. Fundi aliyeacha hodi bila jibu hapati tena mwenzi wa kazi, na watu huona kinyaa hata kunywa naye chai, kwa sababu yule wa upande wa pili, kwenye giza lile, hana kitu kingine hapa duniani ila hilo jibu.

Sabzal hakuwahi kuacha hodi. Dari ilipomwangukia Jangian baada ya mvua za baridi, yeye alikuwa upande wa juu. Akasikia ngo-ngo, ngo, akajibu, akaanza kuchimba. Akagongewa, akajibu, akachimba, kutwa nzima. Kuelekea alasiri mapigo yakaanza kuachana. Ikawa moja, kimya kirefu, moja. Kisha basi. Alipomfikia alikuwa bado na joto. Sabzal alimtoa mwenyewe, akamwosha mwenyewe, akashuka naye kaburini. Kama Dashtuk nzima kulikuwa na mtu mwenye hakika kwamba Jangian amekufa, mtu huyo ni yeye.

Matanga yakaisha, sauti ikahamia nyumbani. Ilikuja wakati wa chakula, ikaja wakati wa kutawadha, ikaja akiwa amelala chali mchana kwenye kivuli cha ukuta. Na kila ilipokuja alijibu, kwa kijiko, kwa kisigino, kwa chochote kilicho karibu. Mkewe Mahganj alidhani ni majonzi tu, akamwacha. Kisha siku moja alirudi kutoka shambani na mzigo wa majani ya mbuzi, akakuta zulia la chumbani limekunjwa, na mumewe yumo ndani ya sakafu, kifua tu kinaonekana.

"Baba Durdana," akasema pale mlangoni. "Kuna nini?"

"Njoo. Weka sikio hapa."

Mahganj akatua mzigo, akapiga magoti, akalaza shavu kwenye udongo. Alikaa hivyo muda mrefu kuliko ilivyohitajika, kwa sababu alitamani kwa roho yake yote asikie kitu.

"Unasikia?"

"Nasikia moyo wangu."

"Sio huo. Hii hapa. Na hii."

"Hakuna kitu, mume wangu."

"Basi masikio yako yana nta."

"Yana nta leo tu? Jana nimemsikia panya ndani ya unga ukaniambia nina masikio ya paka." Machozi yalikuwa yanamtoka bila uso kukunjamana. "Toka humo. Watu wakija niwaambie tunachimba nini chumbani?"

Alitoka. Walilifukia shimo pamoja, wakalikanyaga, wakarudisha zulia. Mahganj alikuwa anapiga vumbi kwenye mito ilipokuja tena, safari hii ukutani, karibu kabisa na bega lake, na kwa nguvu ya kutikisa rafu ya vyombo. Sabzal akamtazama usoni. Mkewe akaupindua mto upande wa pili, akaendelea kupiga vumbi. Hapo ndipo Sabzal alipoogopa kweli. Hakuiogopa sauti. Aliogopa kwamba masikio yake, yaliyomlisha yeye na watoto wake miaka yote, si yake tena.

Mambo yangeishia hapo, naye angekuwa mzee mwenye kelele kichwani kama wazee wengi tu. Lakini kahn ilikuwa imeziba. Udongo ulioanguka uliyabana maji, na yaliyofika kwenye mitende yalikuwa ya kulowesha nyayo tu. Tende zilikuwa zimeanza kugeuka rangi, na tende ikikosa maji wakati huo hukunjamana ikiwa bado juu, na mtende wenyewe hufuata. Vijiji vya jirani vilivyonunua pampu za jua vilikuwa vimeshayanyonya maji yao yakaisha, watu wakapakia magodoro wakaenda Karachi. Dashtuk ilihitaji kichepuko, mfereji mwembamba wa kuzunguka pale palipoanguka, fundi mmoja achimbe kutoka kisima cha juu, mwingine kutoka kisima cha chini, wakutane katikati. Na mafundi waliobaki ni wawili. Mmoja Sabzal. Wa pili Hammal, mwana wa Jangian, kijana aliyekuwa ndio kwanza anaota ndevu, aliyefundishwa kazi na baba yake na kurithi hodi ya baba yake.

Nazbibi, mjane wa Jangian, alipomaliza eda mahali pa kwanza alipokwenda ni kwa shemeji yake.

"Sikuja kunywa chai," akasema kabla hajakaa.

"Chai ipo," Sabzal akasema.

"Najua ipo. Nasikia unachimba chumbani."

Sabzal akamtazama Mahganj. Mahganj akatazama birika.

"Usimtazame mkeo, sina wasaa wa kuoneana haya," Nazbibi akasema. "Mume wangu alikuwa mmoja, kahn imemchukua. Mwanangu ni mmoja. Anasema atashuka, na wewe ukikataa atashuka na Shambe, ambaye hata sururu haijui mbele wala nyuma. Kwa hiyo nakuuliza, shemeji. Hammal akigonga, utajua ni Hammal?"

Hodi ilikuwa ile ile, ya baba na ya mwana.

"Sijui," Sabzal akasema.

"Ahsante kwa kutonidanganya. Basi nenda kwa Mai Zarbibi akutoe hicho kitu. Kikitoka, ndio unishushie mwanangu. Na unirudishie juu kila alasiri."

Sabzal akaitikia kwa kichwa.

"Kichwa chako ndicho kibovu, shemeji. Niambie kwa ulimi."

"Nitamrudisha juu kila alasiri," Sabzal akasema.

Mai Zarbibi alikuwa mama wa pepo, na watu walimjia kutoka mbali na wagonjwa wao wakiwa juu ya pikipiki. Alimkalisha Sabzal, akamfukiza, akamweka mpiga zeze karibu na sikio lake la kulia, akaamuru apige bila kupumzika. Sabzal alianza kwa kuona aibu, akaishia kuzunguka kichwa na kupiga kelele mpaka akadondoka. Alipozinduka alikuta kichwa chake kiko kwenye goti la yule mama, amefunikwa shuka nyekundu.

"Ni upepo," Mai akamwambia. "Umekuingia kwa sikio ukiwa umechoka na una huzuni. Umevaa hodi ya ndugu yako kwa kuwa unajua mlango huo utaufungua. Kila ukijibu unaulisha. Usiujibu."

"Mai, mimi ni fundi wa kahn. Hodi hujibiwa."

"Hodi ya mtu. Huyu si mtu. Mnyime. Nakwambia mapema usije ukasema sikukwambia: kabla hajatoka atagonga kuliko siku zote, kwa njaa. Atakulilia. Ukivumilia, atalegea, atalegea, atakwenda zake. Ukimjibu siku hiyo, hatoki tena mpaka unaingia kaburini."

Basi Sabzal akajikaza kisabuni. Siku ya kuanza kazi, pale mdomoni mwa kisima, kabla hata hawajafunga kamba, alimshika Hammal bega.

"Nne," akasema. "Nne mfululizo, sawasawa, kama mtu anayepigilia misumari. Hiyo ndiyo hodi yako sasa."

"Ami, mkono wangu unajua ile ya baba. Tangu nina meno ya utoto."

"Ufundishe."

"Na ile ya baba je?"

"Ile haipo. Ukinipigia ile sitakujibu. Umenisikia, Hammal? Hata ukiwa unatania. Sitajibu."

Kijana alimtazama ami yake, kisha akatazama pembeni, kwa sababu kila mtu Dashtuk alikuwa ameshasikia habari za lile shimo la chumbani. "Nne," akasema. "Haya."

"Na mimi je?" Shambe akauliza kutoka kwenye gurudumu la kamba. "Nikitaka chai nigonge ngapi?"

"Wewe gonga kichwa chako."

"Hicho hakina mtu ndani, fundi, tutasubiri sana."

Wakacheka, wakashuka, Sabzal kisima cha juu, Hammal cha chini. Shambe alibaki peke yake juu ya ardhi, akivuta ndoo za udongo za huku, kisha akitembea kwenda kuvuta za kule, huku akilaani jua na waliolizoea.

Siku ile ile ya kwanza Hammal alisahau. Ikaja ngo-ngo, ngo, kwenye ukuta wa mbele, safi kabisa. Sabzal akashusha sururu. Mkono wa kulia ulinyanyuka wenyewe, akaukamata kwa wa kushoto, akasubiri. Baada ya kitambo zikaja nne za haraka haraka, za mtu aliyeona aibu. Akazijibu nne. Alasiri walipokutana juu, Hammal alikuwa anacheka, lakini anasugua mkono wake.

"Samahani, ami. Kumbe ulisema kweli. Uliniacha nigonge."

"Nilikwambia."

"Mtu akigonga asijibiwe, kule chini," Hammal akasema, kisha hakumalizia. Akanawa uso.

Tangu siku hiyo hakusahau tena, na mambo yakaanza kwenda. Zile nne zilikuja kila zilipotakiwa, na kila siku zilikuwa karibu zaidi. Ile nyingine nayo ilikuja. Ilikuja nyuma ya Sabzal, ilikuja miguuni, mara moja ilikuja ndani ya ndoo tupu iliyokuwa inaning'inia. Hakuijibu. Alikaza meno, akasoma La haula, akaendelea kuchimba, na jasho lilimtiririka hata pale penye ubaridi. Nyumbani Mahganj aliona mkono wa mumewe unatulia juu ya mkeka wakati wa kula, akaanza kumsimulia mambo ya majirani kama zamani. Jioni moja Sabzal alimwambia kwamba tangu asubuhi imekuja mara moja tu, tena kwa mbali. Mahganj akainuka, akaenda kusimama nyuma ya ukuta wa mbuzi, akalia huko, kisha akarudi na maziwa ya mgando.

Siku yenyewe ilianza vizuri. Sabzal alishuka akiwa na mkate na tende kifuani, akawasha kibatari, akagonga nne, akajibiwa nne, tena karibu mno, mtu angedhani Hammal yuko nyuma ya pazia. Udongo wa hapo ulikuwa mbichi na laini, unakatika kwa mabonge bila kelele. Alichimba kwa uangalifu. Akawa anafikiri maneno atakayomwambia kijana watakapotoboleana, jambo la mzaha, maana huwa ni furaha kubwa, watu hushikana mikono kupitia tundu kabla hata hawajaonana nyuso.

Kabla ya adhuhuri mwali wa kibatari ukalala upande, ukakaa hivyo kidogo, ukasimama. Sabzal akafurahi. Mwali ukilala hewa inapita, na hewa ikipita basi ukuta uliobaki ni mwembamba. Akagonga nne.

Hakujibiwa.

Akagonga nne tena. Na sasa jibu likaja: ngo-ngo, kimya kidogo, kisha ngo.

Sabzal akarudi nyuma mpaka mgongo ukagusa ukuta, akakaa kwenye maji. Ikaja tena, haraka kuliko ilivyowahi kuja, na tena, na tena, bila nafasi ya kupumua katikati, na haikuwa nyuma wala miguuni wala ndooni. Ilikuwa mbele, mahali hasa zilipokuwa zikitoka zile nne. Sasa umejua kuingia hata mahali pa mtoto, akasema moyoni. Umemkalia mahali pake.

"Nenda zako," akasema kwa sauti. "Jangian, kama ni wewe, nilikujibu siku yako. Nilikujibu kutwa. Sikukuacha. Sasa nenda."

Ikagonga.

Alikumbuka maneno ya Mai Zarbibi, kuliko siku zote, kwa njaa. Yalikuwa yanatimia neno kwa neno, na hilo lilimpa nguvu. Aliingiza mikono yote miwili chini ya mapaja, akaikalia. Mara moja wazo lilimjia kwamba atikise kamba, apande, amtume Shambe akachungulie kule kwa Hammal, mara moja tu, kuna ubaya gani. Hata akanyanyuka nusu. Kisha akajiona mwenyewe: mzee mzima anapanda juu kwa sababu sauti imemwita. Hiyo nayo si ni kujibu? Atamwambia nini Nazbibi, aliyemuuliza, utajua? Atamwambia nini mkewe? Akakaa tena majini. Akaanza kusoma Yasini kwa sauti, akikosea aya, akirudia, na sauti ikagonga ndani ya kisomo chake, na akapandisha sauti mpaka koo likawasha.

Muda ulipita, mwingi. Kisha zikaanza kuachana.

Alizitambua. Hivyo ndivyo zilivyoachana siku ile, moja, kimya kirefu, moja. Machozi yakaanza kumtoka, na yalikuwa ya huruma, kwani ilikuwa ni kumpoteza ndugu yake mara ya pili, na safari hii kwa kumnyima. Lakini hakutoa mikono. Ikaja moja. Akangoja. Ikaja nyingine, hafifu, kama ya ukucha. Akangoja sana. Haikuja.

Sabzal akatoa mikono chini ya mapaja, imekufa ganzi. Akaweka sikio ukutani. Kimya. Tangu kifo cha Jangian hakuwa amesikia kimya cha namna hiyo, kimya kitupu, maji tu yanapita. Akacheka peke yake gizani. Akala mkate wake wote na tende zake zote, na zilikuwa tamu. Kisha akagonga nne kumpa kijana habari njema, na alipokosa jibu akajua ameshapanda kwenda kuswali. Akatikisa kamba.

Shambe akamvuta juu, akakinga jua kwa mkono amtazame. "Fundi, umeokota dhahabu?"

"Imetoka, Shambe. Imetoka, Wallahi. Nimeisikia ikitoka."

"Alhamdulillahi. Hebu kaa, unatetemeka."

"Hammal yuko wapi nimwambie?"

"Si yuko chini?" Shambe akasema. "Kamba yake haijatikisika tangu asubuhi. Nimeita mara mbili, nikasema basi amelala, vijana wa siku hizi, kule kuna ubaridi." Akaona uso wa Sabzal, akaiachia kamba.

Sabzal alirudi kisimani mwake bila kungoja kamba ishikwe, akashuka kwa kukanyaga vitundu vya ukutani, ngozi ya viganja ikibaki njiani. Juu alimsikia Shambe anakimbia kuelekea kwenye mitende huku anawaita watu. Alichimba kwa sururu, kisha akaitupa akachimba kwa mikono, kwa sababu kilichobaki kilikuwa kidogo, kidogo mno, kiasi cha mtu kuaibika. Udongo ukafunguka. Akaingiza kibatari.

Hammal alikuwa amefukiwa mpaka kifuani. Dari ile mbichi ilikuwa imeshuka juu ya miguu yake bila kishindo. Mkono mmoja ulikuwa huru, na ndani ya ngumi kulikuwa na jiwe, na vidole vilivyolishika vilikuwa vimechunika hadi kwenye nyama. Macho yalikuwa wazi. Yalimfuata Sabzal. Alikuwa anapumua.

Walimtoa kwa kisima cha juu, amefungwa kwa vilemba vya watu, na kila mtu aliyeweza kushika kamba alishika. Walimlaza kwenye kivuli cha ule udongo walioutoa wenyewe siku zote zile. Mguu mmoja ulikuwa umepondeka chini ya goti, hata mtoto angejua hautabaki. Nazbibi alifika akikimbia, miguu mitupu. Hakupiga ukemi. Alipasua shela lake, akaanza kumfunga mikono mwanawe, mmoja kisha wa pili, anafunga, anabusu, anafunga.

"Ami," Hammal akasema.

Watu wote wakainama.

"Ami, hukusikia?"

Sabzal alikuwa amepiga magoti, tope mpaka kwenye nyusi. Shambe akawahi kusema, kwa sauti ya juu, ili wote wasikie, "Udongo mbichi ule, mwanangu. Haupitishi sauti. Hakuna ambaye angesikia." Na watu wakaitikia, kweli, haupitishi, na walikuwa tayari kuamini, kila mmoja wao. Mahganj alikuwa nyuma yao, amejishika kifua, akimwomba mumewe kwa macho akubali neno hilo alilopewa bure.

"Nilisikia," Sabzal akasema. "Nilisikia tangu ya kwanza. Nilizisikia zote."

Mikono ya Nazbibi ilisimama. Akamtazama shemeji yake. Kisha akarudi kwenye fundo alilokuwa analifunga.

"Nilisahau zile nne, ami," Hammal akasema. Alikuwa anaomba radhi. "Nilijaribu kuzikumbuka. Mkono ukapiga ya baba."

Wakaenda kutafuta gari. Sabzal alibaki magotini, anaitazama mikono ile miwili iliyofungwa shela, imelala juu ya kifua cha kijana, haitikisiki. Alikuwa bado anaitazama hodi ilipokuja, kutoka chini kabisa, chini ya magoti yake: ngo-ngo, kimya kidogo, kisha ngo.

Alijua. Hakuna atakayeniambia kwamba hakujua. Mikono ya Hammal ilikuwa mbele ya macho yake, na kisimani hakukuwa na mtu. Akaokota jiwe. Akainama mbele ya watu wote wa Dashtuk, akagonga ardhi: ngo-ngo, kimya, ngo. Ikagongwa tena. Akajibu tena. Shambe alikwenda kumshika mkono, na Sabzal akamsukuma bila hasira, akaendelea.

Maji yalirudi, kwa lile tundu alilolifungua kwa mikono. Tende ziliiva mwaka ule, na watu walizila, na hawakuondoka kwenda Karachi. Sabzal hakushuka tena. Alishinda juu ya kahn, anatembea kutoka kisima hadi kisima na jiwe lake, anainama, anasikiliza, anajibu. Mai Zarbibi alikuja mwenyewe kumgombeza. Sabzal alimkaribisha akae, akamsikiliza mpaka mwisho, huku akigonga. Mahganj alizoea kumletea chai huko huko, na kumpigia stori za majirani, na kungoja kila akikatizwa.

Hammal alitoka hospitali ya mjini baada ya tende kuvunwa, na gongo, suruali imekunjwa kwenye goti. Siku ya pili yake akapanda polepole mpaka kisima cha juu. Ami yake alipomwona alitaka kuinuka, akashindwa, akabaki ameinamisha kichwa. Hammal akajishusha chini kwa shida, akalaza gongo, wakakaa wote wawili wanatazama mdomo wa kisima.

Baada ya muda Sabzal akashtuka, mkono ukaenda kwenye jiwe. Kisha akausimamisha hewani, kwa haya, akamtupia kijana jicho.

"Amegonga?" Hammal akauliza.

"Amegonga."

"Basi mjibu, ami."